Sijamsaliti mwenzangu aliyekufa vitani

Ndugu Mhariri,

Wiki mbili zilizopita ulichapisha barua ya msomaji aliyekasirishwa na wanajeshi wastaafu wanaosimama majukwaani kupinga vita. Aliandika kwamba kaka yake alikufa vitani kwa risasi moja, papo hapo, kishujaa, na kwamba askari anayerudi salama kisha akahubiri amani anawasaliti waliozikwa kule. Nimeikata barua ile gazetini, nimeikunja, nimekaa nayo mfukoni mwa shati siku zote 14. Leo namjibu.

Mimi nilipigana. Vita nilivyopigana sitavitaja jina, na naomba nieleweke ni kwa nini. Kila nilipovitaja mbele ya watu, mazungumzo yaligeuka hapo hapo: nani alianza, mpaka ulikuwa wapi, nani alikuwa na haki. Watu wakagawanyika, nami nikabaki nahesabiwa kuwa shahidi wa upande mmoja. Nilichotaka kusema hakikusikika tena. Kwa leo itoshe kujua kwamba nilikuwa koplo katika kombania ya askari wa miguu, nilikuwa na miaka 22, nilirudi na viungo vyangu vyote, na mwenzangu niliyechimba naye handaki moja hakurudi.

Msomaji yule hakutumia neno woga, lakini nililisikia nyuma ya kila sentensi. Nalifahamu kwa kuwa nimeshaitwa hivyo na watu ninaowaheshimu. Chama kimoja cha wastaafu, ambacho nililipa ada yake miaka mingi, kilinitoa kwenye safu ya gwaride la kumbukumbu baada ya kusikia kwamba nimezungumza na wanafunzi. Hawakunipa taarifa. Nilifika asubuhi, suti imepigwa pasi, nishani kifuani, na kijana aliyeshika orodha akaniambia jina langu halimo. Nilisimama pembeni ya uzio nikalitazama gwaride lote hadi mwisho. Niliona ni haki ya waliokufa nisiondoke.

Kuhusu woga nitasema machache tu. Siegfried Sassoon alikuwa ofisa wa jeshi la Uingereza katika Vita Kuu ya Kwanza. Askari wake walimbandika jina la Jack Mwendawazimu kwa jinsi alivyokuwa akiyavamia mahandaki ya adui, na mwaka 1916 alitunukiwa nishani ya ushujaa. Julai 1917 aliandika tamko kwamba vita vinarefushwa makusudi na wenye uwezo wa kuvimaliza, na tamko hilo likasomwa bungeni. Jeshi lingeweza kumfikisha mahakamani. Badala yake lilimpeleka Craiglockhart, karibu na Edinburgh, hospitali ya maofisa waliovurugwa akili na mapigano. Ndiyo njia ya zamani ya kumnyamazisha askari: ikishindikana kumwita mwoga, ataitwa mgonjwa. Na Sassoon alirudi tena vitani, kwa sababu hakuvumilia kukaa salama huku watu wake wako kule. Mtu wa namna hiyo, msomaji wetu angemweka fungu gani?

Lakini anayenigusa kuliko wote ni Harry Patch. Alikuwa fundi bomba, akaitwa jeshini, na mwaka 1917 akajikuta Passchendaele, Ubelgiji, kwenye matope yaliyokuwa yakimeza watu wazima wazima. Walikuwa 5 wanaohudumia bunduki moja ya rashasha, na walikubaliana wao kwa wao kwamba hawataua wakiweza kuepuka, watalenga miguu. Siku moja askari wa Kijerumani alimjia na singe, naye Patch ana bastola. Alimpiga begani. Yule akazidi kuja. Akampiga mguuni, juu kidogo ya kifundo, kisha juu ya goti. Kifua kilikuwa wazi mbele yake na hakukipiga. Ninayeandika haya nimewahi kuwa na sekunde kama hizo na sikufanya alivyofanya yeye.

Usiku wa tarehe 22 Septemba 1917 kombora liliwapasukia, likaua watatu kati ya wale watano na kumjeruhi Patch. Baada ya hapo hakuvizungumzia vita mpaka alipofikisha miaka 100. Kwake siku ya kumbukumbu haikuwa tarehe 11 Novemba, siku ya mabendera na mashada ya maua. Ilikuwa tarehe 22 Septemba, siku ya wale watatu. Mwaka 2004 alikutana na Charles Kuentz, mzee mwenzake aliyepigana Passchendaele upande wa Wajerumani, wote wawili wamekwisha kuvuka miaka 100, wakapeana mikono. Alipofariki Julai 2009, akiwa na miaka 111, askari wa Ubelgiji, Ufaransa na Ujerumani walilisindikiza jeneza lake pamoja na Waingereza, na kwa matakwa yake hakuna silaha iliyoruhusiwa mazishini, hata ya mapambo.

Kimya cha miaka 80. Niruhusu nikae hapo kidogo, kwa sababu kimya hicho nakijua. Changu kilidumu miaka 31. Mke wangu alijua kwamba silali kitandani usiku wa mvua ya radi. Kwa nini, hakujua. Watoto walijua kwamba siketi nikaupa mlango mgongo. Nao walijifunza kutouliza, na nyumba nzima ikawa inakizunguka kitu ambacho hakuna aliyekitaja.

Wiki moja baada ya mwenzangu kufa, kamanda wa platuni aliniagiza nimwandikie mama yake, kwa kuwa ndimi niliyekuwa naye handakini. Akanipa na maneno ya kuandika: risasi ilimpata kifuani, alikufa hapo hapo, hakusikia maumivu. Nikaandika. Siku hizo mwandiko wangu ulikuwa mzuri, na nilijitahidi hasa kwa ajili ya mama huyo.

Hakufa hapo hapo. Kipande cha kombora kilimchana tumbo saa kumi alfajiri, na alikata roho jua limeshapanda. Aliomba maji. Tulikuwa tumefundishwa kwamba mwenye jeraha la tumbo hapewi maji, nami nikayafuata mafunzo. Kisha akaacha kuomba maji, akawa anamwita mama yake. Hakuwa akilia. Alimwita kwa sauti ya kawaida, kama mtu anavyomwita aliye chumba cha pili, na akinyamaza alikuwa anasikiliza kama ataitikiwa.

Baada ya miaka 31 nilikwenda kwa yule mama. Macho yake yalikuwa yameanza kuzimika. Barua yangu alikuwa nayo, ameitia ndani ya mfuko wa plastiki, imeachia kwenye mikunjo. Nikapiga magoti nikamwambia, "Mama, niliyoandika humu si kweli." Akasema, "Najua, mwanangu. Wanawake watatu ninaowafahamu walipata barua kama hii, na zote zilisema amekufa hapo hapo. Ni vita gani hivyo ambavyo kila mtu anakufa hapo hapo?"

Nikamsimulia yote, na yale ya maji, na yale ya kuitwa kwake. Hakulia mbele yangu. Aliuliza jambo moja tu: kama kuna mtu aliyemshika mkono. Nikamwambia hapana, Mama, mikono yangu miwili ilikuwa kwenye bunduki. Alinyamaza kitambo kirefu hata nikadhani amesinzia. Kisha akasema, "Wakikuuliza, waambie hivyo hivyo. Usiwaandikie tena ile barua."

Tangu siku ile hiyo ndiyo kazi yangu, Mhariri. Hakuna shirika lililonituma wala chama. Nimetumwa na mama wa marehemu. Kama niliwahi kumsaliti mwenzangu, basi ni asubuhi ile niliyokaa juu ya sanduku la risasi na kalamu mkononi, nikamnyang'anya saa tatu za mwisho za maisha yake na kumwandikia kifo cha uongo ili vita vionekane visafi.

Wala sitaki wasomaji wadhani kwamba mtu akishasema "nilipigana, sasa napenda amani" basi anastahili makofi. Makofi yananitia hofu. Jioni moja nilimaliza kuzungumza ukumbini, vijana wakasimama kunishangilia, na watu walipokuwa wanatoka akanijia mwanamke wa makamo. Alikitaja kijiji, akauliza kama nilipita hapo. Nikasema ndiyo. Akauliza, "Mlikichoma ninyi, au mlikikuta kimechomwa?" Miguu iliniisha nguvu. Nikasema tulikichoma sisi. Aliniangalia, akachukua mkoba wake, akaondoka. Hakunisamehe, na hakuwa na deni la kunisamehe. Kwa miaka yote nilikuwa nimesimulia waliotuua sisi. Waliochomewa nyumba na sisi nilikuwa nimewapita mbio kwa maneno kama "mambo ya vita". Hotuba zangu za kabla ya jioni hiyo zilikuwa nusu, na nusu iliyokosekana ndiyo iliyokuwa nzito.

Ndipo nilipowaelewa askari wa Japani waliofungwa Fushun, nchini China, baada ya Vita Kuu ya Pili. Walikuwa karibu 1,000, na wengi wao waliachiwa mwaka 1956 bila hata kushtakiwa. Mwaka uliofuata waliorudi nyumbani waliunda chama, na kwa zaidi ya miaka 40, hadi kilipovunjwa mwaka 2002, walikwenda huku na huko kueleza walichowatendea Wachina: waliyemuua kwa singe, waliyembaka, kijiji walichokiteketeza. Hawakueleza mateso yao; walieleza makosa yao. Wengi kwao waliwaambia kwamba wametiwa kasumba gerezani, kwamba wanawavunjia heshima wafu wa Japani. Ni shutuma ile ile, Mhariri. Nchi inabadilika, miaka inabadilika, shutuma haibadiliki. Waisraeli waliotumikia jeshi na Wapalestina waliowahi kushika silaha, ambao tangu mwaka 2006 wana chama kimoja kiitwacho Combatants for Peace, hufanya kila mwaka kumbukumbu ya pamoja ya wafu wa pande zote mbili, na kila mwaka huitwa wasaliti na watu wao wenyewe. Mtu akilia msiba wa jirani haina maana ameacha kulia wa kwake.

Wapo waliotupa nishani. Aprili 1971 mamia ya askari waliotoka Vietnam walijipanga mbele ya jengo la Bunge la Marekani, mmoja baada ya mwingine akasogea kwenye kipaza sauti na kuzirusha nishani zake ng'ambo ya uzio. Wengine waliwataja kwa majina marafiki waliokufa. Mimi zangu sijazitupa, ziko sandukuni, na simlaumu aliyetupa wala aliyebaki nazo. Ninaowaheshimu zaidi ni wale walioinama wakarekebisha walichoharibu.

Robert Muller alikuwa luteni wa Marines, kikosi cha majini cha Marekani. Mwaka 1969 risasi ilimvunja uti wa mgongo huko Vietnam, na tangu hapo anatumia kiti cha magurudumu. Mwaka 1981 alirudi Vietnam na wastaafu wenzake kuzungumza na waliokuwa adui zao. Taasisi aliyoiongoza ni miongoni mwa 6 zilizoanzisha mwaka 1992 kampeni ya kimataifa ya kupiga marufuku mabomu ya kutegwa ardhini. Desemba 1997 mkataba ukatiwa saini Ottawa, na mwaka huo huo kampeni hiyo na mratibu wake, Jody Williams, wakapewa Tuzo ya Amani ya Nobel. Chuck Searcy, aliyefanya kazi ya upelelezi wa kijeshi Saigon mwaka 1967 na 1968, alihamia Hanoi mwaka 1995, na kuanzia 2001 amekuwa nguzo ya mradi wa mkoa wa Quang Tri unaotafuta mabomu yaliyobaki ardhini na kuwafundisha watoto wasiyaguse. Kambodia yuko Aki Ra, ambaye wapiganaji wa Khmer Rouge walimfundisha kutega mabomu akiwa mtoto. Vita vilipokwisha alirudi porini kuyategua, mwanzoni bila vifaa vya maana, na baadhi yake aliyatega yeye mwenyewe.

Mtu wa aina hiyo hatukani wafu. Anahakikisha mtoto wa kesho hafi kwa vita vya juzi. Na msidhani kazi hiyo imekwisha: mwaka 2025 nchi kadhaa za Ulaya, zikiwamo Ufini, Polandi na Lithuania, ziliamua kujitoa katika mkataba ule ule wa Ottawa. Naijua hofu yao, najua jirani wanayemwogopa, Urusi. Lakini ningependa waamuzi wa jambo hilo, kabla ya kuweka saini, wangekaa siku moja na mtu aliyewahi kutega bomu na kulisahau lilipo.

Sasa nakugeukia wewe, Mhariri, maana nina neno na magazeti pia. Mwandishi mmoja wa gazeti ambalo sitalitaja alikuja kwangu siku chache kabla ya kumbukumbu. Nilizungumza naye asubuhi nzima. Nilimsimulia habari za barua, za mama, za kijiji. Gazeti lilipotoka niliona picha yangu na nishani, na chini yake sentensi mbili kuhusu mapigano ya kuteka daraja. Mengine yote yalikatwa. Sidhani yule kijana alikuwa na nia mbaya. Nadhani alikuja akijua tayari askari mstaafu anatakiwa aseme nini.

Mwandishi wa habari anaweza kufanya zaidi ya hapo, na nina mfano. Kaduna, Nigeria, Mchungaji James Wuye na Imamu Muhammad Ashafa walikuwa upande huu na ule wa makundi ya vijana yaliyokuwa yakiuana kwa jina la dini. Hawakuwa wanajeshi wa serikali, lakini vita walivipigana. Katika machafuko ya mwaka 1992 Wuye alikatwa mkono wa kulia. Ashafa alipoteza ndugu wawili na mwalimu wake wa kiroho. Kila mmoja aliishi akimtafuta mwenzake ili alipize kisasi. Mwaka 1995 wote wawili walihudhuria mkutano wa mambo ya afya, na hapo mwandishi wa habari aliyewajua akawashika mikono, akawakutanisha, akawaambia mnaweza kuleta amani ninyi wawili. Hawakupendana siku hiyo. Ashafa alikuwa amekwisha kuguswa na hotuba ya msikitini kuhusu kusamehe, lakini Wuye mwenyewe amekiri kwamba hata walipokuwa wameanza kusafiri pamoja na kulala chumba kimoja, alimtazama mwenzake amelala na akafikiria kumziba pumzi kwa mto. Kukiri huko ndiko kunakonifanya niwaamini. Kituo chao cha usuluhishi kimefanya kazi miaka mingi, nao wameitwa kupatanisha watu mbali na kwao.

Hivyo naomba hivi: mkimtafuta mstaafu siku ya kumbukumbu, muulizeni na habari za siku iliyofuata mapigano, na ya mwaka uliofuata. Mtafuteni pia aliyekuwa ng'ambo ya pili, muwaweke ukurasa mmoja. Na akiwapo mtu kama yule mwanamke wa ukumbini, mpeni yeye nafasi ya kwanza, mimi nitasubiri.

Kwa msomaji aliyeniandama sina hasira. Nimeisoma barua yake mara nyingi kuliko yeye alivyoisoma, na kila nikifika pale anaposema kaka yake alikufa papo hapo, nasimama. Ndugu yangu, kama moyo wako umeridhika na habari hiyo, sitaigusa. Lakini kama ipo siku utataka kujua zaidi, Mhariri anayo anwani yangu. Nitajie kikosi cha kaka yako na mwezi aliofariki. Sisi wa zamani tunafahamiana, kikosi kwa kikosi, na waliobaki si wengi. Nikimpata aliyekuwa naye asubuhi hiyo, nitakusindikiza mpaka mlangoni kwake, nami nitabaki nje.

Koplo mstaafu
(Jina na anwani vimehifadhiwa na mhariri)